Kuzalisha samaki-pundamilia na kufuatilia kiinitete tangu dakika ya kwanza: mwongozo wa hatua kwa hatua

Mwongozo huu ni wa mtu ambaye tayari ana samaki-pundamilia (Danio rerio) wazima kwenye matangi, ana hadubini yenye mwanga unaotoka chini, na anataka kushuhudia mnyama mwenye uti wa mgongo akijengeka kutoka seli moja. Samaki huyu asili yake ni vijito na maji tulivu ya India, Nepal na Bangladesh. Francis Hamilton alimweleza kisayansi mwaka 1822, na aliyemfungulia njia ya kuwa mnyama wa kuchunguzia jeni ni George Streisinger wa Chuo Kikuu cha Oregon, Marekani, ambaye mwaka 1981 yeye na wenzake walichapisha namna ya kupata samaki wa ukoo mmoja wanaofanana kabisa kijeni. Mvuto wake unaeleweka haraka ukimtazama: mayai hurutubishwa nje ya mwili, ganda lake huonyesha ndani kama kioo, na katika siku moja unusu mwili wote wa msingi umeshapangika.

Kabla ya hatua yoyote, lishike hili: kiinitete hiki kina saa yake, na saa hiyo inaendeshwa na joto la maji. Ratiba ninazotaja humu zote ni za nyuzijoto 28.5 za Selsiasi, kipimo ambacho maabara nyingi hukifuata. Mtu akikuambia ana "kiinitete cha saa 6" bila kukuambia kilikaa kwenye joto gani, bado hajakuambia kitu. Kwa hiyo nunua kipimajoto kizuri kabla ya kununua kingine chochote, na kila sahani iandike saa ya kurutubishwa kwa kalamu isiyofutika.

Hatua ya 1: Chagua wazazi

Samaki huyu hukomaa akiwa na umri wa miezi mitatu hivi, lakini mayai mazuri hutoka kwa jike aliyeshiba na kupumzika. Jike utamjua kwa tumbo lililojaa na rangi ya fedha ubavuni. Dume ni mwembamba, na tumboni na kwenye mapezi ya chini ana rangi inayoelekea manjano ya dhahabu. Ukimwangalia jike kutoka juu, tumbo lililojaa mayai huonekana likitokeza pande zote mbili. Jike mwenye tumbo bapa mrudishe tangini, hata kama ndiye pekee uliyemshika. Kumlazimisha hakuleti mayai.

Mpe jike mapumziko ya wiki moja au zaidi kati ya uzalishaji mmoja na mwingine. Asiache muda mrefu mno bila kutaga pia, kwa sababu mayai yaliyokaa tumboni huzeeka, na utakapomzalisha atatoa mayai meupe yaliyooza. Siku mbili tatu kabla, walishe wote chakula chenye protini nyingi. Artemia hai, vijidudu wa majini jamii ya kamba, ni chaguo langu la kwanza.

Hatua ya 2: Tayarisha maji ya viinitete

Usitumie maji ya bomba moja kwa moja, maana klorini huua. Maji yanayotumika sana huitwa E3, na kuyatengeneza ni kazi ndogo. Kwa lita moja ya mchanganyiko mzito, ulio na nguvu mara 60, pima gramu 17.5 za chumvi ya kawaida (sodiamu kloraidi), gramu 0.76 za potasiamu kloraidi, gramu 2.9 za kalsiamu kloraidi yenye molekuli mbili za maji, na gramu 4.9 za magnesiamu salfeti yenye molekuli saba za maji. Yeyusha katika maji yaliyochujwa madini. Siku ya kazi, chukua mililita 17 hivi za mchanganyiko huo, jaza maji hadi lita moja, kisha hakikisha pH iko karibu na 7.2.

Wengi huongeza methilini bluu kidogo sana, maji yageuke buluu ya kufifia tu, ili kuzuia ukungu. Ni wazo zuri kwa viinitete unavyotaka kuvilea. Lakini kama utatazama seli zinazong'aa kwa hadubini ya fluoresensi, iache, kwa sababu rangi hiyo nayo hung'aa na kukuharibia picha.

Hatua ya 3: Jioni, watenganishe

Tangi la kuzalishia ni la sehemu mbili: chombo cha nje, na cha ndani chenye sakafu ya wavu. Wavu ndio kila kitu. Mayai ya samaki huyu hayanati. Huzama, na wazazi wenyewe huyala pale pale yanapotua. Yakipenya kwenye wavu yamenusurika. Asiye na tangi la namna hii anaweza kutandika gololi za kioo chini ya tangi la kawaida ili mayai yajifiche katikati yake.

Weka jike mmoja na dume mmoja, au majike wawili na madume wawili, na uwatenganishe kwa ukuta mwembamba unaopitisha mwanga. Wataonana usiku kucha bila kugusana. Funika tangi, maana wanaruka. Taa zifuate mzunguko usiobadilika wa saa 14 za mwanga na saa 10 za giza. Ukiziwasha saa 2 asubuhi, zizime saa 4 usiku, kila siku, hata siku ambazo huzalishi. Kuvurugika kwa mzunguko huu ndiyo sababu ya kwanza ninayoichunguza mtu akiniambia samaki wake wamegoma kutaga.

Hatua ya 4: Asubuhi, toa ukuta

Taa zikishawaka, badilisha maji yaliyochafuka usiku, toa ukuta, na uinamishe chombo cha ndani kidogo ili upande mmoja uwe na maji ya kina kifupi. Samaki hawa hupenda kutagia kwenye kina kidogo, na kuinamisha tu kunaweza kubadilisha asubuhi nzima. Dume ataanza kumfukuza jike, atampita mbele, atamsukuma ubavuni kwa pua, kisha watasimama sambamba wakitetemeka. Hapo mayai na mbegu hutoka kwa pamoja. Hawatoi yote kwa mkupuo. Hutoa kidogo, wakazunguka, wakatoa tena, na jike mzuri anaweza kufikisha mayai 200 au zaidi.

Hapo ndipo wengi wanapopoteza usahihi wa muda. Ukiwaacha saa nzima, sahani yako itakuwa na viinitete vilivyopishana kwa saa nzima, na katika saa hiyo kiinitete kimoja kimeshakuwa na seli nne. Mimi hukusanya kila baada ya dakika 15 na kila mkusanyo huuweka kwenye sahani yake. Ni usumbufu, lakini ndio unaoyapa maana yote utakayoyaandika baadaye.

Kukusanya ni rahisi: hamisha wazazi, mimina maji ya chombo cha nje kupitia chujio la chai lenye nyuzi za karibu, suuza mayai kwa E3, halafu yageuzie kwenye sahani ya petri kwa kuyarushia maji kutoka nyuma ya chujio. Ondoa kinyesi na magamba kwa pipeti. Kwenye sahani ya sentimita 10 usizidishe mayai 50 au 60; yakibanana hukua polepole, na moja likioza linawaponza wenzake.

Kama unahitaji dakika kamili, rutubisha kwa mkono. Watenganishe madume na majike tangu jioni. Asubuhi mlaze jike kwa trikaini, dawa ya ganzi ya samaki, msuuze, kisha mkaushe vizuri, hasa tumboni, kwa karatasi laini. Ukavu ni wa lazima kwa sababu tone moja la maji linatosha kuamsha mayai kabla ya wakati. Kandamiza tumbo taratibu kwa kidole chenye unyevu kidogo tu kutoka mbele kwenda mkiani. Mayai mazuri yatateleza nje kama fungu la rangi ya manjano hafifu inayopenyeza mwanga; yakiwa meupe au ya majimaji, yaache. Mbegu za dume huvutwa kwa mrija mwembamba wa kioo na kuhifadhiwa kwenye maji ya chumvi ya Hanks juu ya barafu, ambamo hukaa bila kuogelea. Changanya mbegu na mayai, ongeza maji ya kawaida kidogo, subiri dakika moja au mbili, ndipo ujaze sahani. Sekunde uliyoongeza maji ndiyo sifuri yako.

Kinachotokea yai linapogusa maji

Nakaa kidogo hapa kwa sababu ndipo watu wanapodanganyika.

Mbegu za kiume zikiwa ndani ya dume zimetulia. Zikiingia kwenye maji, ambayo yana chumvi chache kuliko mwili, ndipo huanza kuogelea, na nguvu hiyo hudumu kwa muda mfupi sana, kama dakika moja au mbili. Yai nalo lina mlango mmoja tu: tundu dogo kwenye ganda, liitwalo maikropaili, lenye upana wa kupitisha mbegu moja. Mbegu za samaki huyu hazina kile kifuko cha vimeng'enya ambacho mbegu za mamalia hukitumia kutoboa njia. Hapa njia imeshatengenezwa na mama. Lakini kulifikia yai hakutoshi. Juu ya utando wa yai kuna protini iitwayo Bouncer, iliyoelezwa na watafiti wa Vienna mwaka 2018, na bila hiyo mbegu haishiki.

Sasa sikiliza hili vizuri: yai huamshwa na maji, hata kama hakuna mbegu iliyoingia. Wimbi la kalsiamu hupita ndani yake, vifuko vidogo vilivyo chini ya utando hupasuka na kumwaga vilivyomo, ganda huinuka na kuachana na yai, na utomvu wa seli huanza kutiririka kutoka kwenye akiba ya chakula kwenda upande mmoja wa juu, ambako hujikusanya na kuwa kilima kidogo angavu. Kilima hicho ni blastodiski. Yai lisilorutubishwa litafanya haya yote mbele ya macho yako, na kwa nusu saa ya kwanza huwezi kulitofautisha na lililorutubishwa. Kwa hiyo ganda lililoinuka na blastodiski iliyotuna si dalili za mafanikio. Dalili ni mgawanyiko.

Hatua ya 5: Tazama mgawanyiko wa kwanza

Ikifika dakika ya 40 hivi, uwe umeshakaa kwenye hadubini. Geuza yai moja kwa unywele au ncha laini hadi uone blastodiski kwa ubavu, ikiwa juu ya kiini cha yai, ile akiba ya chakula, kikubwa cha duara. Kwa kitambo haionekani kusogea. Kisha juu kabisa, katikati, panakuwa na kivuli chembamba. Kivuli kinakuwa mkunjo, mkunjo unakuwa bonde, na kilima kimoja kinakuwa vilima viwili vilivyolingana. Ni dakika ya 45. Nimeliona hili kwa miaka na bado huacha kazi nyingine ili nilione.

Bonde hilo halikati yai lote. Linagawanya utomvu wa juu tu. Kiini cha yai chini kinabaki kizima, na kwa muda seli za mwanzo hubaki zimeungana nacho kwa chini. Ndiyo maana wanaodunga RNA (nakala za maelekezo ya jeni) au vifaa vya kuhariri jeni hufanya hivyo katika dakika 40 za kwanza: ukidunga hata kwenye kiini cha yai, mtiririko wa utomvu hubeba ulichodunga hadi kwenye seli.

Baada ya hapo kila dakika 15 hivi seli huongezeka maradufu, zote kwa pamoja. Seli 4 kwenye saa 1, zimepangwa mbili kwa mbili. Seli 8 baada ya saa 1 na robo, mbili kwa nne. Kumi na sita, nne kwa nne. 32, nne kwa nane. Na kufika saa 2 una seli 64, ambapo kuzihesabu kwa kutazama kutoka juu hakuwezekani tena kwa sababu zimeanza kupandana. Mpangilio huu ni msaada mkubwa: ukiona seli za ukubwa usiolingana, zenye mipaka iliyopinda ovyo, shuku kwamba unatazama yai ambalo halijarutubishwa linalojikatakata bila utaratibu.

Hatua ya 6: Hesabu na utoe mabovu

Kati ya saa 2 na saa 4 za umri pitia kila sahani. Viinitete vizuri vina kofia ya seli ndogo zilizolingana juu ya kiini cha yai. Mayai mabovu yamekuwa meupe, au yana blastodiski moja isiyogawanyika. Hesabu yote, kisha gawanya idadi ya yaliyogawanyika kwa jumla. Mayai 200 yenye viinitete 180 yana urutubishaji wa asilimia 90. Andika. Kundi ambalo zaidi ya nusu halijagawanyika silitumii kwa jaribio, hata yale yanayoonekana mazima, kwa sababu ubovu wa yai mara nyingi hujitokeza baadaye.

Toa mabovu siku hiyo hiyo. Yai lililokufa huoza haraka, bakteria na ukungu huenea sahani nzima, na kesho utawakuta hata wazima wamekufa. Badilisha maji jioni, na tena kila asubuhi.

Kwenye saa ya 3 hivi, kiinitete kikiwa na seli karibu 1,000, kuna zamu inabadilika. Hadi hapo seli zimekuwa zikiishi kwa maelekezo aliyoyaacha mama ndani ya yai: RNA na protini zake. Kuanzia mzunguko wa kumi wa mgawanyiko, seli huanza kupoteza ulinganifu wa muda, mizunguko hurefuka, na jeni za kiinitete chenyewe huanza kusomwa kwa wingi. Wakati huo huo seli za pembeni kabisa huvunjikia kwenye kiini cha yai na kuacha humo nukliasi zao (sehemu zinazobeba jeni), zikatengeneza tabaka ambalo baadaye litasaidia kuvuta seli kushuka chini. Kwa anayefanya majaribio, maana yake ni hii: kiinitete kikiharibika kabla ya saa 3, mtafute mama na ubora wa mayai yake kwanza, ndipo ulaumu jeni ya kiinitete.

Hatua ya 7: Mchana hadi jioni, fuata seli zikishuka

Tuseme ulirutubisha saa 3 asubuhi. Saa 7 mchana kofia ya seli na kiini cha yai vimeungana kuwa umbo moja la mviringo. Muda mfupi baadaye kiini cha yai hutuna kuelekea juu, kama kuba, na seli huanza kusambaa zikishuka kukifunika. Mwendo huo ni epiboli, na hupimwa kwa asilimia ya kiini cha yai iliyofunikwa: asilimia 30, kisha 50 kwenye saa 5 na robo za umri.

Kwenye asilimia 50 seli husimama kwa muda. Usidhani kiinitete kimekufa. Ukingo wake unakuwa mnene kuzunguka pande zote, kwa sababu seli za ukingoni sasa zinaingia ndani na kutengeneza tabaka za chini, zitakazozaa misuli, damu na utumbo. Kwenye saa 6 za umri, yaani saa 9 alasiri kwako, sehemu moja ya ukingo hutuna kuliko nyingine. Hiyo ni ngao, na ndiyo mara ya kwanza kwa jicho lako kujua mgongo utakuwa wapi. Kazi yake ni ile ile ambayo Hans Spemann na Hilde Mangold waliionyesha kwenye viinitete vya salamanda mwaka 1924: ukiikata ngao na kuipandikiza upande wa pili wa kiinitete kingine, inaweza kuanzisha mwili wa pili hapo.

Geuza viinitete vyako taratibu hadi uione kwa ubavu. Ni vigumu mara ya kwanza. Punguza mwanga wa chini, usiuzidishe, kwa sababu mwanga mkali hufuta kivuli ambacho ndicho kinachokuonyesha unene. Ukishaiona kwenye kimoja utaiona kwenye vyote.

Saa 11 jioni asilimia 75 imefunikwa, na kufika saa 1 usiku kiini cha yai kimefungwa chote. Kwenye sehemu ya kufungia hutokea kinundu kidogo, chipukizi la mkia. Kama viinitete vingi vinapasuka kiini cha yai karibu na mwisho wa epiboli, maji yako au joto lako lina kasoro, au umevitikisa mno.

Hatua ya 8: Usiku, na namna ya kuusogeza

Kuanzia saa 10 na dakika 20 za umri pingili za misuli, ziitwazo somiti, huanza kujikata moja baada ya nyingine kila upande wa mgongo: kama tatu kwa saa kwa zile sita za kwanza, halafu mbili kwa saa. Hapo umri husomwa kwa kuhesabu somiti, na ni kipimo kizuri kuliko saa ya ukutani. Chini ya mkia kipo kifuko kidogo cha majimaji, kifuko cha Kupffer, ambacho silia zake, vijinywele vidogo sana, hupiga na kusukuma maji kuelekea kushoto. Mkondo huo ndio unaouambia mwili kwamba moyo ukae kushoto. Kwenye saa ya 17 au 18 mwili huanza kujikunja wenyewe ndani ya ganda, bila kuguswa.

Tatizo ni kwamba haya yote hutokea usiku wa manane. Badala ya kukesha, tumia joto. Kuna kanuni inayojulikana: chukua umri wa hatua unayoitaka katika nyuzijoto 28.5, ugawanye kwa jibu la 0.055 mara joto lako ukitoa 0.57. Kwa nyuzijoto 25 kigawanyo ni 0.805. Kiinitete chenye somiti 20, ambacho katika 28.5 hufika saa 19 na kingekuamsha saa 10 alfajiri, katika 25 hufika baada ya saa 23.6, yaani saa 2 na nusu asubuhi, umeshakunywa chai. Usishuke chini ya 25 wala kupanda juu ya 33 kwa muda mrefu. Nje ya hapo ukuaji huharibika, hauchelewi au kuharakishwa tu. Na ukihamisha sahani katikati ya safari, piga hesabu ya kila kipande cha muda peke yake.

Hatua ya 9: Siku ya pili

Saa 24 moyo umeanza kupiga, ukiwa bado mrija mmoja tu. Weka kiinitete kwenye tone dogo la maji, kuza zaidi, na uangalie mbele ya kiini cha yai, chini ya kichwa. Baada ya saa chache damu itaanza kuzunguka: utaona chembe moja moja zikikimbia kando ya mkia, zikifika mwisho zinageuka na kurudi. Jambo ambalo wanaoanza hulistaajabia ni kwamba kiinitete kidogo hiki kinapata oksijeni kwa kupenyeza ngozini, hivyo hata chenye moyo usiopiga kinaweza kuendelea kuishi siku kadhaa. Ndiyo sababu kasoro za moyo zimechunguzwa sana kwa samaki huyu.

Rangi nyeusi huanza machoni na ngozini wakati huo huo. Ukitaka kiinitete kibaki angavu, weka PTU (fenilthiourea) ya asilimia 0.003 kuanzia saa ya 22 au 24, kabla rangi haijashika. Ni sumu, vaa glavu, na ujue kwamba nayo huathiri tezi ya shingoni, kwa hiyo usiitumie kwenye jaribio la homoni.

Kutoa ganda, tumia vibano viwili vya ncha kali, vile vya namba 5. Kwa kimoja shika ganda, kwa kingine chana mahali hapo hapo, kisha geuza ganda juu chini ili kiinitete kianguke chenyewe. Usikivute. Ukilazimika kutoa ganda kabla ya saa 24, tandika agarosi, utando laini kama jeli, kwenye sahani, maana kiinitete kichanga kikigusa plastiki hunata na kuchanika.

Hatua ya 10: Kuangua hadi kula

Kati ya siku ya pili na ya tatu vitaangua vyenyewe, kwa kimeng'enya kinachotolewa na tezi maalumu na kulainisha ganda. Viinitete vya mama mmoja, vya dakika moja, huweza kupishana kuangua kwa saa nyingi. Kwa hiyo kuangua kusikupe umri. Tazama mapezi ya kifuani na umbo la kichwa.

Mara baada ya kuangua, vifaranga hulala chini kwa ubavu. Waache. Siku ya nne au ya tano huogelea hadi juu, humeza hewa, na kibofu cha kuelea hujaa. Juu ya maji pawe safi: utando mwembamba wa mafuta au vumbi huwazuia kufika kwenye hewa, na asiyejaza kibofu hawezi kuwinda.

Kiini cha yai kikiwa karibu kuisha, kwenye siku ya tano, anza kuwapa paramesia au rotifa, viumbe wadogo sana wa majini, kidogo kidogo mara kadhaa kwa siku, na artemia waliototolewa punde ziwafikie baada ya siku chache, watakapoweza kuzimeza. Punguza idadi kwa kila chombo na ondoa chakula kilichobaki kila jioni. Katika sheria za Umoja wa Ulaya, ni kuanzia hapo, kifaranga anapojilisha mwenyewe, ndipo anapohesabiwa kuwa mnyama anayelindwa kwenye majaribio. Kwingine mpaka unaweza kuwa tofauti, kwa hiyo pata kibali cha taasisi yako kabla ya kuwavusha siku ya tano. Wasiohitajika wasimwagwe kwenye mto wala bwawa lolote.